Robert Pollard na mshahara wa ualimu: hadithi ya Guided by Voices imesimuliwa kichwa chini

Karibu kila anayeandika kuhusu Robert Pollard, mwimbaji na mtunzi wa bendi ya roki ya Marekani ya Guided by Voices, anaanza na hadithi ileile, kwamba alikuwa mwalimu wa darasa la nne pale Dayton, Ohio, anatunga nyimbo usiku miaka nenda rudi hakuna anayemjua, afu ghafla mwaka 1994 dunia ya indie rock, yaani roki ya lebo ndogo zinazojitegemea, ikamgundua, akaacha chaki, akawa staa akiwa na miaka 36 na watoto nyumbani. Tarehe ziko sawa, sibishani nazo. Ninachobishania ni mpangilio, maana kwenye hadithi hiyo ualimu unakuwa jela na muziki unakuwa siku ya kufunguliwa. Mimi nikizisikiliza zile albamu kwa kufuata miaka naona kinyume chake kabisa. Ule mshahara wa ualimu ndo uliomlinda, ndo uliompa nafasi ya kutoa vitu vya ajabu bila kumuomba mtu ruhusa, na shida zake nyingi za kimuziki zilianza siku alipopata kile ambacho watu wanadhani ndicho alichokuwa anakitafuta.

Tuanze na mji kwanza. Dayton siyo New York wala Seattle. Ni mji wa viwanda na wa watu wanaochezea vyuma, ndiko ndugu wawili Wright walikokuwa na duka la baiskeli kabla hawajarusha ndege, ndiko kampuni ya NCR ilikokuwa inatengeneza mashine za kuhesabia hela za dukani, na General Motors walikuwa na kiwanda jirani hapo Moraine mpaka walipokifunga Desemba 2008. Mwaka 1960 mji ulikuwa na watu zaidi ya 260,000, ukifika 2010 wamebaki kama 140,000 hivi. Pollard amezaliwa tarehe 31 Oktoba 1957 na amekulia hukohuko, upande wa Northridge, mtoto wa familia ya wafanyakazi wa kawaida, na kitu cha kwanza kilichompa jina mtaani siyo gitaa, ni besiboli. Alikuwa mrusha mpira wa chuo kikuu cha Wright State na mwaka 1978 alimaliza mechi nzima bila timu pinzani kupata hata pigo moja halali, jambo ambalo halikuwahi kutokea kwenye historia ya chuo hicho. Nalitaja hili kwa sababu ukimwona jukwaani akirusha mguu juu kuliko kichwa chake na kuzungusha maiki kama kamba, unaelewa haraka kwamba huyu ni mwanamichezo aliyehamia kwenye roki, na ile tabia ya mwanamichezo ya kwenda mazoezini kila siku bila kungoja mzuka hakuiacha.

Akamaliza chuo, akaingia darasani. Miaka 14 akifundisha watoto wa miaka tisa, kumi. Huku nyuma bendi ilishaanza mwaka 1983, na wanachama wake ni mdogo wake Jim na washkaji wa hapohapo mtaani waliokuwa wanakutana kunywa bia na kupiga stori, akina Mitch Mitchell kwenye gitaa, Kevin Fennell kwenye drams, baadaye Tobin Sprout ambaye naye ni mtunzi hasa na siyo msindikizaji. Kati ya 1987 na 1990 wakatoa albamu nne, kwa hela yao wenyewe, nakala mia chache kila moja. Hela ilitoka wapi? Mwalimu alikopa kwenye chama cha akiba na mikopo, yaani SACCOS kama hizi za walimu tunazozijua, ile ambayo mwenzako anachukua mkopo kumalizia nyumba au kununua bodaboda, yeye anachukua anapeleka kiwandani wamchapie santuri ambazo hakuna duka linaziulizia. Ndugu wakaona huyu sasa kachanganyikiwa. Shoo zenyewe hawakuwa wanafanya sana, kuna vipindi waliacha kabisa kupanda jukwaani maana watu wa Dayton walikuwa hawana habari nao.

Sasa hapo ndo naomba tutulie kidogo, maana hadithi ya kawaida inapita haraka sana hapa. Mwanamuziki asiye na mshahara kwenye mji kama ule, miaka ile ya themanini, alikuwa na njia moja ya kula, kupiga nyimbo za watu wengine baa wikiendi. Pollard mwenyewe aliwahi kuwa kwenye bendi ya hevi metali ya kupiga nyimbo za wengine, inaitwa Anacrusis, kwa hiyo njia hiyo alikuwa anaijua vizuri. Kilichomtoa huko ni kwamba Jumatatu asubuhi alikuwa na kazi. Mwisho wa mwezi hela inaingia, bili zinalipwa, na wimbo wa sekunde 50 usio na kiitikio haumkoseshi mtu ugali. Nani angemzuia? Lebo hana, meneja hana, na mashabiki wa kulalamika kwamba amebadilika nao hawapo. Akitaka leo aimbe kwa lafudhi ya Kiingereza cha Uingereza kama wale aliokua anawasikiliza kina The Beatles na The Who, anaimba hivo, na kesho akitaka kitu kinachofanana na roki ndefu ndefu ya kina Genesis lakini imekatwa ibaki dakika moja, anakata. Mwenyewe husema anachanganya vitu vinne, pop, panki, progu (ndo hiyo roki ndefu ndefu) na saikedeliki (roki ya kindotondoto), na huo mchanganyiko haukutokana na mpango wa biashara wowote, ulitokana na mtu mwenye kabati la santuri na muda wa jioni.

Na uhuru huo ulikuwa na mashine yake. Kina Pollard na Sprout walikuwa wanarekodi kwenye kirekodi cha kaseti cha njia nne. Kaseti ile ya kawaida tuliyokuwa tunasikilizia taarabu ina njia nne ndani yake, mbili za upande A na mbili za upande B. Kirekodi hiki kinazitumia zote nne kwa mkupuo mmoja kuelekea upande mmoja, kwa hiyo unaweza kuweka drams njia ya kwanza, gitaa ya pili, besi ya tatu, sauti ya nne, au ukibanwa nafasi unaiacha ya nne wazi, unazimimina zile tatu humo, unapata tena njia tatu za bure, ila kila ukimimina sauti inapoteza ung'avu na ule mvumo wa kaseti unaongezeka. Hakuna kurudi nyuma, ukishamimina umemimina. Ndo maana ngoma zao nyingi zinasikika kama redio ya jirani. Watu wa studio wakisikia wanaziba masikio. Lakini kitu kile kilikuwa kinamwezesha mtu atunge saa moja jioni, arekodi saa tatu, alale, aamke aende kufundisha hesabu, na wimbo tayari upo duniani. Kwa mtunzi wa aina yake, ambaye anasahau wimbo wa jana kwa sababu wa leo umeshafika, ile kasi ilikuwa na thamani kuliko ubora wowote wa sauti.

Mwaka 1992 akaamua basi inatosha. Propeller ilitengenezwa kama albamu ya kuagia, nakala 500 za santuri, na kwa sababu hela ya kuchapa kava haikuwepo wakakaa chini wao na marafiki wakatengeneza kava moja moja kwa mkono, gundi, rangi, picha za kukata kwenye magazeti, hakuna mbili zinazofanana. Leo nakala moja inauzwa maelfu ya dola. Lakini kinachonimaliza mimi kwenye albamu hiyo ni sekunde za mwanzo kabisa: unasikia umati mkubwa unaimba herufi za bendi, G! B! V! G! B! V!, kama uwanja mzima umesimama. Umati huo haukuwepo. Ni wao wenyewe walijirekodi wakajitengenezea. Bendi isiyo na watu 30 wa kuja kuiona inafungua albamu yake ya mwisho kwa uwanja wa kubuni. Unaweza kucheka, unaweza kuona ni huzuni, mimi naona ni mtu anayejua anachotaka kisikike na hasubiri kipatikane kwanza ndo akirekodi. Miaka miwili mitatu baadaye watu halisi wakawa wanaimba herufi hizohizo kwenye shoo zao.

Propeller ikafika kwa Robert Griffin wa Scat Records, lebo ndogo ya Cleveland, huyu ndo akawachukua. Mwaka 1993 wakatoa Vampire on Titus, wakaenda New York kupiga CBGB, klabu maarufu ya panki, na walipopiga ikaonekana kwamba hawa watu wa makaseti mabovu jukwaani ni bendi ya roki yenye nguvu. Wakati nao ulikuwa upande wao, Nirvana walishafungua mlango tangu 1991, lebo zilikuwa zinapekua kila mji, na Dayton hiyohiyo ndo nyumbani kwa Kim na Kelley Deal wa The Breeders ambao mwaka 1993 walikuwa wametoka kulipua na albamu ya Last Splash. Hivo bahati ilikuwepo, sikatai. Ila angalia bahati ilimkuta na nini mkononi: albamu tano, na mabegi ya kaseti zenye mamia ya nyimbo.

Kutoka kwenye mabegi hayo ndo ikazaliwa Bee Thousand, Juni 1994, nyimbo 20 ndani ya dakika kama 36. Nyimbo nyingine zilikuwa mpya, nyingine ni vipande vya zamani vilivyookotwa na kuunganishwa. Wimbo wa kwanza tu, Hardcore UFO's, gitaa linakatika katikati, linapotea, linarudi. Studio yoyote ingerudia. Wao wakaacha. Afu sikiliza I Am a Scientist, kodi chache za gitaa ambazo mtoto wa sekondari anaweza kuzishika wiki ya kwanza, na juu yake mtu anajieleza kwa kazi moja baada ya nyingine, mwanasayansi, mwandishi wa habari, mfamasia, kama anajaribu mashati dukani, na hapo aliyekuwa anaimba alikuwa na kazi moja tu halisi na hakuitaja. Gold Star for Robot Boy nayo, ukijua mtungaji anashinda na watoto wanaogombania nyota za dhahabu kwenye madaftari, huwezi kuisikia vilevile tena. Hiyo ni tafsiri yangu, mwingine anaweza akasikia kingine.

Na hapa kuna jambo linaloharibu kidogo ile picha ya fundi anayetema nyimbo bila kuchagua. Bee Thousand ilipangwa na kupanguliwa mara kadhaa, nyimbo zikitoka na kuingia, na Griffin alikuwa na sauti kwenye hilo. Yaani albamu inayosifiwa kuliko zote kwa kuwa ya ovyo ovyo ndo iliyochujwa kwa makini. Hili litarudi.

Mwaka huohuo 1994 akaacha ualimu. Matador, lebo ya indie ya New York, wakawachukua, na 1995 ikatoka Alien Lanes, nyimbo 28 kwa dakika 41, gawanya mwenyewe, ni kama dakika moja na nusu kila wimbo. Watu wa bendi yenyewe wamekuwa wakisimulia kwamba kuirekodi kuligharimu kama dola kumi, ukiondoa bia, wakati malipo ya awali ya lebo yalikaribia dola 100,000. Ndani yake kuna wimbo unaitwa Ex-Supermodel ambao nyuma ya gitaa unasikia mtu anakoroma, anakoroma kabisa, wimbo mzima. Kuna Game of Pricks ambao kwa dakika moja na nusu unakupa melodi ambayo bendi nyingine ingejengea albamu na ziara ya miezi sita, yeye anakupa afu anaondoka. Kwangu mimi hii ndo kazi yake bora, kuliko hata Bee Thousand, na sitaki ugomvi na mtu.

Sasa tufike pale pagumu. Mwisho wa 1996 kikosi kile cha washkaji kikaisha. Mwaka 1997 Pollard akaja na albamu ya Mag Earwhig! akipigiwa na Cobra Verde, bendi nzima ya Cleveland aliyoichukua kama ilivyo, na nao wengi hawakudumu, aliyebaki kwa maana ni Doug Gillard mpiga gitaa. Tusipakeni rangi, jamaa ni bosi mgumu. Jina ni lake, funguo ni zake, na watu waliokaa naye miaka ya njaa walijikuta nje wakati wa shibe. Wapo wanaosema bendi lazima iwe na kichwa kimoja. Sawa, lakini nyimbo za Sprout zilikuwa zinampa Pollard kitu ambacho hakuweza kujipa mwenyewe, ule utulivu, ile sauti ya chini kati ya makelele mawili, na alipoondoka pengo lilisikika.

Afu ikaja Do the Collapse, 1999, lebo ya TVT, prodyuza Ric Ocasek wa The Cars, yule aliyeitengeneza albamu ya kwanza ya Weezer. Lengo halikufichwa, walitaka redio. Teenage FBI ikaingia kwenye albamu ya nyimbo za tamthilia ya Buffy, Hold on Hope ikawa ile baladi yenye vinanda vya nyuzi ambayo kila lebo inamuomba kila bendi. Siyo albamu mbaya, nyimbo zake zikipigwa jukwaani zinachapa. Ila sikiliza jinsi nyimbo zilivyoanza kusubiri: kiitikio kinarudi mara ya tatu, kinasubiri mtu wa redio akikariri. Pollard wa kaseti hakuwa na mtu wa kumsubiri. Redio nazo hazikuja kwa ukubwa uliotarajiwa. Kwa hiyo alipokuwa mwalimu alikuwa msanii asiye na bosi wa muziki, na alipokuwa msanii wa kulipwa ndo akapata bosi. Isolation Drills ya 2001, na prodyuza Rob Schnapf, ilikaa vizuri zaidi, kwa sababu maisha yalimpiga, ndoa yake ya kwanza ilikuwa inavunjika na studio nzuri ilikuta kitu cha kweli cha kurekodi.

Mwaka 2004 akavunja bendi, shoo ya mwisho ukumbi wa Metro pale Chicago usiku wa mwaka mpya, kama saa nne mfululizo, bia jukwaani. 2010 wakarudi, kile kikosi cha miaka ya tisini, kwenye sherehe ya miaka 21 ya Matador huko Las Vegas. Kwa hesabu ya haraka, angebaki darasani huo ndo mwaka angekuwa ametimiza kama miaka 30 ya kazi na kuchukua pensheni yake. 2012 peke yake wakatoa albamu tatu. Wakavunjika tena 2014, na 2016 akaja na albamu ya Please Be Honest akiwa amepiga kila chombo yeye mwenyewe, kisha akakusanya kikosi kipya, Gillard akarudi, akaingia Bobby Bare Jr., Kevin March kwenye drams, Mark Shue kwenye besi. August by Cake ya 2017 ikahesabiwa kuwa albamu yake ya 100 ukijumlisha bendi zake zote na za peke yake. Usiku wa mwaka mpya 2019 huko Los Angeles wakapiga nyimbo 100 kwenye shoo moja. Mwaka wa korona, 2020, albamu tatu tena.

Lawama kubwa inayompata ni kwamba hajui kuchuja, kwamba angetoa moja kila miaka mitatu ingekuwa dhahabu tupu. Nusu ya lawama hiyo naikubali, ushahidi ni Bee Thousand yenyewe, pale alipopata mtu wa kukaa naye na kubishana juu ya orodha, matokeo yakawa yale. Katika albamu za miaka hii kuna nyimbo ambazo hata yeye sidhani anazikumbuka. Lakini nusu nyingine siikubali, kwa sababu inadhani nyimbo nzuri zilikuwa zimekaa mahali zinasubiri na zile mbovu zimewekwa kuzifunika. Hazitokei hivo. Mwaka 2000 alitoa kasha linaloitwa Suitcase, nyimbo 100 zilizokuwa kabatini, kila moja akaiandikia jina la bendi ya kubuni. Ukizipitia unaona melodi inajaribiwa hapa inaanguka, miaka minne baadaye kipande chake kinaibuka kwenye wimbo mwingine kimekaa sawasawa. Mtu huyu anafikiri kwa kurekodi. Ukimwambia asirekodi mpaka awe na kitu kizuri umemwambia asifikiri.

Na pesa je? Hapa ndo naona mzunguko ulivyomrudisha kwenye mtindo wa zamani. Siku hizi albamu zinatoka kwenye lebo yao wenyewe, zinauzwa moja kwa moja kwa mashabiki, wengi wao watu wazima wenye kazi zao ambao wananunua kila kitu, santuri, hata kolaji zake, zile picha za kukata na kubandika. Siyo wengi kwa vipimo vya pop, ila hawakosi, mwaka hadi mwaka. Hao sasa ndo mshahara wake. Hawamuulizi wimbo upi uende redioni, na yeye amerudia palepale alipokuwa 1987, anatunga jioni, anatoa, anaenda kwenye unaofuata. Tofauti ni kwamba mkopo wa SACCOS ameshamaliza kulipa.